NANI ATAPIGA PICHA YA WAJENZI?

Ndugu Wafanyakazi wa Kitui na Makueni,

Mwezi uliopita palikuwa na ubishi mkali katika mkutano wa tawi letu, na ubishi wenyewe haukuwa juu ya mshahara. Ulikuwa juu ya picha. Vijana walileta hoja kwamba tawi litenge Jumapili moja kila mwezi, tutundike shuka jeupe ukutani, tutazame picha za sinema zilizopigwa na wafanyakazi wenyewe, kisha taa iwashwe tufanye baraza. Wazee kadhaa wakacheka. Mmoja akasema, "Hiki ni chama cha wafanyakazi, si nyumba ya sinema." Hoja haikupita wala haikuanguka. Iliahirishwa mpaka mkutano ujao. Sisi tunaoandika hapa twaiunga mkono, na tunawadai wenzetu dakika chache tueleze kwa nini.

Tuanze na jambo lililotukuta nyumbani.

Mwenzetu mmoja, mtu wa mkono katika mjengo, alianguka kutoka juu ya jukwaa la miti katika mji mmoja wa kando ya barabara kuu ya Mombasa. Alivunjika paja. Alikuwa amefanya kazi pale miezi minne, kila siku, akilipwa mkononi jioni. Alipotuma watu kudai haki yake akajibiwa kwa neno moja: "Hatumjui." Hakuna daftari lenye jina lake. Hakuna barua. Nyapara aliyemwita kila asubuhi kwa jina la utani alisema hakumbuki.

Tukasema, basi tutafute picha. Picha zilikuwako, na nyingi! Wakubwa walikuja siku ya jiwe la msingi, wamevaa helmeti mpya ambazo hazijawahi kuona vumbi. Wanacheka. Wanashikana mikono. Nyuma yao, pembeni kabisa, unaonekana mkono mmoja umeshika karai. Mwenye mkono amekatwa na ukingo wa picha. Je, ni mkono wa mwenzetu? Yeye anasema ni wake, na sisi twamsadiki. Lakini ni nani atakayesimama mbele ya hakimu aape kwa mkono usio na uso?

Ndugu, sheria haikumsahau mtu huyu. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, kifungu cha 37, inasema kibarua aliyefanya kazi siku mfululizo zinazofikia mwezi mmoja hawezi kuendelea kuhesabiwa kama kibarua wa siku. Sheria hiyo hiyo inataka kazi ya miezi mitatu au zaidi iandikiwe mkataba. Sheria ya fidia kwa wanaoumia kazini, nayo ya mwaka 2007, inamtaka mwajiri apeleke habari ya ajali kwa mkurugenzi anayehusika katika siku saba baada ya kuarifiwa. Haya yote yako kwenye karatasi. Lakini sheria humsaidia mtu anayejulikana kuwa yuko. Kwanza lazima ithibitike kwamba ulikuwako.

Wazee wetu walisema: mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Maana yake, akishapewa jembe si mgeni tena, amekuwa wa nyumbani. Sisi tumepewa jembe siku ya kwanza. Tumepewa koleo, karai, toroli na nondo. Tumeyashika miaka na miaka, na hata leo twaitwa wageni! Hii ndiyo shida tunayotaka kuisema. Mtu anajenga duka asiloweza kuingia kununua. Anajenga nyumba ambayo ikimalizika askari wa lango atamwuliza, "Unamtafuta nani?" Anachimba mtaro wa maji na nyumbani kwake mama anafuata maji kwa punda. Na ubaya zaidi, jioni anapanda matatu peke yake, anarudi chumbani peke yake, anadhani kosa ni lake kwa kuwa hakusoma vya kutosha. Amefanywa mgeni wa kazi yake, mgeni wa mwenzake, na mwisho wake mgeni wa nafsi yake.

Jambo hili si la Ukambani peke yake. Kijana aliyeleta hoja alituonyesha video moja kutoka Urusi, na video hiyo ndiyo iliyoanzisha ubishi. Twataka kuieleza vizuri, kwa sababu wengine waliotoka nje kuvuta sigara wanasema hawakuelewa.

Mwaka 1954 huko Siberia ulianza ujenzi wa bwawa kubwa la umeme kwenye mto Angara, mahali panapoitwa Bratsk. Umeme wa kwanza ulitoka mwaka 1961. Mchoraji mmoja, Viktor Popkov, alichora wajenzi wake katika miaka ya 1960 na 1961. Ni watu watano wamesimama mbele ya giza, wanatutazama usoni. Hawacheki. Hakuna waziri kati yao. Mchoro huo ukasifiwa sana na ukawekwa katika nyumba kubwa ya michoro mjini Moscow.

Miaka zaidi ya 40 ikapita. Nchi ile ya Kisovyeti ikavunjika mwaka 1991, viwanda vikauzwa, watu wakaambiwa kila mmoja ajitafutie. Mwaka 2003 mjini St Petersburg likaundwa kundi la wasanii na waandishi wanaojiita Chto Delat, maana yake "Nini kifanyike?" Video yao fupi inaitwa "Wajenzi", nayo ni ya mwaka 2005. Hakuna mapigano ndani yake, hakuna mapenzi, hakuna gari linalopinduka. Ni watu wachache mbele ya giza kama lile la mchoro. Wanazungumza juu ya wale watano wa Bratsk. Wale walikuwa na kitu walichokijenga pamoja. Sisi tuna nini? Je, sisi ni kundi au ni watu waliojikuta tu mahali pamoja? Wanasogea, wanageuka, wanabishana, na hatimaye wanajikuta wamesimama vile vile walivyosimama wale watano.

Basi, ndivyo ilivyo. Wengine wetu walipiga miayo. Lakini mwenzetu aliyevunjika paja alikuwapo na mkongojo wake, akasema isimamishwe hapo mwisho. Akawatazama wale watu, kisha akauliza, "Na wale wenyewe wa Bratsk, walilipwa ngapi?"

Ndugu, swali hilo ni zito kuliko video nzima. Wasanii walio katika video si wajenzi. Ni watu wanaowaza juu ya wajenzi. Hata mchoro wa Popkov hauna kila kitu. Vijiji vya bonde la Angara vilizamishwa maji yalipokusanywa. Reli iliyofika Bratsk kutoka Taishet ilijengwa kwa jasho la wafungwa, Warusi na mateka wa Kijapani, na hao hawasimami katika picha ile. Nchi iliyojisifu kuwa ni ya wafanyakazi nayo ilikuwa na watu wake waliokatwa na ukingo wa picha. Na Urusi ya leo ina sheria inayoiwezesha serikali kumwandika raia wake mwenyewe kuwa "wakala wa kigeni". Mtu azaliwe pale, azikiwe wazazi pale, halafu aitwe wa kigeni kwa sababu amesema! Kwa hiyo hatuwaletei Urusi muisujudie. Twawaletea swali lao, kwa sababu ni letu pia.

Kwa nini twasema ni letu? Twendeni Thwake. Pale mto Thwake unapoingia Athi, mpakani mwa Makueni na Kitui, linajengwa bwawa kubwa. Kazi ilizinduliwa na Rais mwaka 2018. Fedha ni za serikali ya Kenya na Benki ya Maendeleo ya Afrika, na mkandarasi ni kampuni ya Kichina ya Gezhouba. Ukuta wake umepimwa kuwa wa mita 80 na ushei, na maji yake zaidi ya mita za ujazo milioni 680. Tarehe ya kumaliza imesogezwa zaidi ya mara moja. Yamekwisha semwa mengi juu ya maji yatakayokunywewa, mashamba yatakayonyweshwa na mji wa Konza utakaopata maji. Ni mambo makubwa, nasi hatuyapingi.

Lakini jiulizeni: mkifumba macho mkalifikiria bwawa hilo, mnaona nini? Sisi twaona picha za wakubwa wakielekeza vidole. Twaona ukuta uliopigwa picha kutoka juu, ambapo mtu ni mdogo kuliko siafu. Je, mwamuona mtu mmoja aliyemimina zege pale? Mwamjua kwa uso? Watoto wa watoto wetu watakapokunywa maji yale wataonyeshwa picha ya nani?

Hapa wengine watasema, "Mbona tulipigwa picha zamani?" Naam, tulipigwa, na ni vizuri tujue jinsi tulivyopigwa. Katika miaka ya 1930 wamisheni walichunguza machimbo ya shaba huko Rhodesia ya Kaskazini wakaona kwamba kazi za kizungu zinamng'oa Mwafrika kwao na kumwacha amepotea. Waliona ugonjwa sawasawa! Lakini dawa waliyoileta ilikuwa sinema. Kwa fedha za Carnegie kutoka Marekani wakaanzisha jaribio lao Vugiri, katika milima ya Usambara, Tanganyika, kutoka mwaka 1935 hadi 1937. Walitengeneza filamu 35, wakazizungusha kwa gari katika Afrika Mashariki, na Kenya ikiwamo. Zilifundisha juu ya kodi, juu ya kuweka akiba posta, juu ya mbegu bora na usafi. Mwaka 1939 serikali ya Uingereza ikaunda idara yake ya filamu kwa makoloni, ikaendelea mpaka mwaka 1955, na wakuu wake walishikilia kwamba Mwafrika lazima apewe picha nyepesi, polepole, ama hataelewa.

Mtu aliyepotezwa na mshahara mdogo na safari ndefu akaonyeshwa jinsi ya kuweka akiba! Aweke akiba ya nini? Gari lilikuja, likaonyesha, likaondoka. Hakuna aliyemwuliza mtazamaji, "Wewe wasemaje?"

Sasa linganisheni na jambo jingine la miaka hiyo hiyo. Mwaka 1932 mpiga sinema wa Kirusi, Alexander Medvedkin, alipewa mabehewa ya treni akayafanya karakana. Ndani yake palikuwa na mahali pa kusafishia filamu, pa kuikata na kuiunganisha, pa kuchapia karatasi, na vitanda vya wafanyakazi wake. Walikwenda kwenye machimbo, viwanda na mashamba. Waliwapiga picha watu kazini, wakazisafisha picha humo humo ndani ya treni, wakazionyesha kwa watu wale wale, halafu wakafanya mkutano: hiki kibovu ni cha nani, na kitatengenezwa lini? Filamu moja waliyopiga kwa wachimba chuma wa Krivoi Rog, katika Ukraine, jina lake ni swali: "Unaishije, ndugu mchimba madini?"

Hilo ndilo swali la umoja wa wafanyakazi! Lakini tusidanganyane. Treni ile ilikuwa ya serikali, na mwaka huo huo wa 1932 na ule uliofuata njaa iliua mamilioni katika Ukraine na sehemu nyingine, na serikali ile ile ikakataza isisemwe. Somo letu ni hili: picha yenye mkutano ni bora kuliko picha isiyo na mkutano, lakini mkutano lazima uwe huru, uwe wa wafanyakazi wenyewe, usiwe wa bwana yeyote, awe wa rangi gani au wa chama gani.

Tuje sasa kwa wale wazee waliosema simu imekwisha tuharibu, tusiongeze picha. Nusu ya neno lao ni kweli. Tazameni matatu ya kutoka Wote au Kitui mjini saa kumi na mbili jioni. Watu kumi na wanne, na kila mtu ameinamia simu yake. Kila mmoja anatazama taabu ya mtu asiyemjua, huku aliyekaa naye bega kwa bega amefukuzwa kazi mchana huo huo na hajasema. Upweke wetu umekuwa bidhaa. Sisi twanunua bando, kampuni yauza macho yetu kwa matangazo.

Na nyuma ya picha hizo pia kuna vibarua. Nairobi walikuwako vijana walioajiriwa kutazama video mbaya kuliko zote, za kuuawa na kuteswa, ili wazitoe zisiwafikie wengine katika Facebook. Kazi yao ilikuwa kutazama kutwa, kila mmoja na skrini yake, na wasisimulie. Wengine wameugua akili. Hapana wageni wa kazi yao kuliko hao. Lakini walifanya nini? Walikwenda mahakamani, na mwezi Septemba mwaka 2024 Mahakama ya Rufani ilisema kampuni ya Meta, mwenye Facebook, yaweza kushtakiwa hapa Kenya. Na kabla ya hapo, siku ya wafanyakazi, tarehe 1 Mei 2023, zaidi ya 150 walikutana Nairobi wakapiga kura kuunda chama chao. Waliokatazwa kusimuliana walisimuliana. Kila aliyedhani amerukwa na akili peke yake aligundua kwamba ni wengi, na kwamba ugonjwa ulitoka kazini.

Kwa hiyo twawajibu wazee kwa heshima: ubaya hauko katika picha. Ubaya uko katika kutazama peke yako na kunyamaza. Hata hapa kwetu twajua dawa yake, na hatukuitoa Moscow wala Marekani. Jina lake ni mwethya. Mabwawa ya mchanga yaliyomo katika mito yetu ya msimu, Kitui na Makueni, mengi yamejengwa kwa mwethya, na wengi waliobeba mawe ni akina mama. Mwulize mama yeyote, atakuambia nani alikuwako, nani alileta maji ya kukoroga saruji, nani aliumia kidole, nani hakuja. Hahitaji daftari, kwa sababu watu wale walitazamana. Hatusemi mwethya walipa karo ya shule; haulipi. Twasema kwamba mtu hawezi kuanguka katika mwethya halafu akaambiwa, "Hatukujui."

Hoja iliyo mbele ya tawi ni kuyarudisha macho hayo kazini. Nasi twapendekeza masharti, ili asitokee mtu kusema tumeleta mchezo:

1. Kila picha iwe fupi, dakika tatu au nne, na ipigwe na mwanachama kwa simu aliyo nayo. Ionyeshe kazi, safari ya kwenda kazini, chakula cha mchana, mikono, vyombo, na nyumbani.

2. Asipigwe mtu asiyekubali, na aliyepigwa aione kwanza. Twajua kuna waajiri watakaomfukuza mtu kwa picha. Pia iko Sheria ya Kulinda Data ya mwaka 2019, na uso wa mwenzako si mali yako.

3. Picha ikiisha, taa iwashwe. Baraza lianze kwa swali moja: ndugu, unaishije? Karani aandike, na kabla ya watu kutawanyika lichaguliwe jambo moja la kupelekwa kwa halmashauri.

4. Mgeni akija na picha yake, awe msanii, awe wa kanisa, awe wa serikali, akaribishwe. Lakini akae mpaka mwisho aulizwe maswali, kama video ile ya Kirusi ilivyoulizwa.

5. Kila mahali pa kazi wanachama wapige picha moja ya pamoja kila mwezi, nje ya lango ikiwa ndani wamekatazwa, na nyuma yake yaandikwe majina kamili na tarehe, ihifadhiwe na katibu.

Hili la tano halitagharimu hata bei ya kilo ya sukari. Lau tungalikuwa nalo mwaka jana, mwenzetu angalikuwa na picha nne, miezi minne, uso wake katikati ya nyuso za wenzake ishirini. Nani angalisema hamjui?

Yule mzee aliyecheka alisema pia kwamba picha haileti unga nyumbani. Ni kweli, haileti. Wala mkutano hauleti, wala kadi ya chama hailetwi mezani ikaliwa na sukuma wiki. Unga huletwa na watu wanaojuana na kusimama pamoja, na watu wasioonana hawawezi kujuana. Katiba yetu ya mwaka 2010, kifungu cha 41, imempa kila mfanyakazi haki ya kujiunga na chama na ya kugoma. Haki hiyo haitumiwi na mtu mmoja mmoja chumbani na simu yake.

Ndugu, mkutano ujao njooni wote. Anayepinga aje apinge kwa sauti, tumsikie. Anayeunga mkono aje na shuka. Mwenzetu wa mkongojo amekwisha sema kwamba yeye ndiye atakayepigwa picha ya kwanza, na ametaja sharti lake: asipigwe amelala kitandani akihurumiwa, bali asimame kando ya jengo lile, atuonyeshe kwa kidole ni mawe gani aliyoyainua yeye.

Mpaka hapo tutakapoonana.

UMOJA NI NGUVU.